Miungu Wasiodaiwa

Mwezi Mei 1975 kampuni ya Marvel ya huko New York ilitoa kitabu cha katuni kinene kuliko kawaida yake, kikiitwa Giant-Size X-Men namba 1. Mwandishi wake alikuwa Len Wein na mchoraji Dave Cockrum. Ndani yake mna kurasa chache ambazo kwa msomaji wa Marekani zilikuwa njia tu ya kupitia kwenda kwenye mambo mengine, lakini kwangu mimi niliyezaliwa chini ya mlima Rungwe ndizo kurasa ninazozirudia. Mahali ni Kenya. Ardhi imekauka. Watu wanamlilia mungu wao wa kike, naye anatokea, mwanamke mweusi mwenye nywele nyeupe ndefu na macho ya buluu, anapaa angani na kuita mvua. Mvua inanyesha. Kisha anatokea mgeni, mzungu mwenye kipara aitwaye Profesa Xavier, anamwambia yule mwanamke, ambaye jina lake ni Ororo, kwamba yeye si mungu hata kidogo. Ni binadamu aliyezaliwa na kipaji kisicho cha kawaida, na dunia inamhitaji. Ororo anakubali kufuatana naye. Ukigeuza kurasa mbili tatu uko kwingine kabisa, Kenya imekwisha.

Ninalo swali moja tu juu ya kurasa zile. Kiangazi kilichofuata, watu wale walimlilia nani?

Kitabu hakijibu, wala hakionyeshi kuwa kimelisikia swali. Watu wale hawana majina. Kazi yao ni kuomba na kufurahi. Wakishamaliza kufurahi wanaachwa pale pale uwandani kama viti baada ya mkutano. Miaka ya baadaye mwandishi mwingine, Chris Claremont, alimpa Ororo ukoo na historia: mama yake ni N'Dare, binti wa kifalme wa Kenya, baba yake mpigapicha wa Marekani, wote wawili wakafa mjini Cairo wakati wa vita vya Suez mwaka 1956, na msichana akatembea kwa miguu kuelekea kusini hadi Serengeti. (Ndiyo, Serengeti yetu. Wachora katuni hawana habari na mipaka.) Lakini waombaji wake waliendelea kuwa umati. Mungu alipata wazazi, waumini hawakupata hata jina la kijiji.

Najua wapo watakaosema kwamba mzee mzima hapaswi kupoteza karatasi kwa ajili ya vitabu vya watoto. Kizazi changu kililelewa na hadithi za picha kuliko kinavyopenda kukiri. Tulipokuwa shule, mwishoni mwa miaka ya sitini, gazeti la African Film lililokuwa na picha za Lance Spearman lilipita mkononi kwa mkono mpaka kurasa zikawa laini kama kitambaa. Spearman hakuwa na mungu. Alikuwa na kofia, sigara kubwa, bastola na gari. Baadaye Faraji Katalambulla alitupa Film Tanzania, na baada ya hapo likaja Sani, ambalo jina lake limeungwa kutokana na majina ya waanzilishi wake, Saidi Bawji na Nico ye Mbajo. Humo tulimpata Ndumilakuwili, Kipepe na Lodi Lofa, kazi za Philip Ndunguru aliyefariki akiwa kijana mwaka 1986. Katika ulimwengu wa Ndumilakuwili hakuna anayeruka angani. Anayejaribu kuruka anaangukia kwenye deni la duka.

Ila Sani na wenzake wa miaka ya tisini walikuwa pia na ukurasa mwingine, ule wa katuni za miujiza. Wale waliozisoma wanakumbuka mambo yake: majini, wachawi, msichana mzuri ambaye usiku si msichana, mtu maskini anayekwenda kwa mganga kutafuta utajiri na kupewa, na halafu siku moja mlango unagongwa na aliyempa anataka mtoto. Zilichorwa kwa haraka, na baadhi zilichorwa vibaya. Lakini zilikuwa zinajua jambo moja ambalo Giant-Size X-Men halikulijua, nalo ni kwamba nguvu isiyo ya kibinadamu haiji bila hesabu. Anayepokea atadaiwa. Na ukisoma kwa makini utaona kwamba hata anayetoa hayuko huru, maana jini amefungwa na mkataba wake kama yule aliyemwomba.

Sasa tuwatazame hao miungu wa Marekani. Superman alipotokea Juni 1938, kazi ya vijana wawili wa Cleveland, Jerry Siegel na Joe Shuster, hakuitwa mungu, ila alikuwa mtoto aliyeshushwa kutoka juu, na kila mtu aliyelelewa kanisani anajua maana ya jambo hilo. Mwaka 1940 akaja Captain Marvel. Huyu ni mtoto Billy Batson anayetamka neno moja, Shazam, radi ikapiga, akawa mtu mzima mwenye nguvu. Herufi za neno lile ni majina ya wenye kumpa nguvu: Solomon, Hercules, Atlas, Zeus, Achilles na Mercury. Msomaji wa Kiswahili atatabasamu hapo, kwa kumwona Nabii Suleiman, ambaye katika masimulizi ya pwani ndiye aliyekuwa na amri juu ya majini, amepangwa foleni moja na miungu ya Wayunani na Warumi kama mtu anayesubiri sukari ya kaya. Mwaka 1941 akafuata Wonder Woman, aliyefinyangwa kwa udongo na kutiwa uhai na miungu. Mwaka 1966 Stan Lee na Jack Kirby wakamleta Galactus anayekula dunia nzima nzima, na mwaka huo huo Black Panther, mfalme wa nchi ya kubuniwa ya Wakanda. Filamu yake ya mwaka 2018 ilituonyesha Bast, mungu-chui wa nchi hiyo. Mwaka 2006 waandishi walimwoza huyo mfalme kwa Ororo. Mahari sikuiona ikitajwa.

Wa kukaa naye kidogo ni Thor. Alitoka Agosti 1962, kwa kalamu za Stan Lee, Larry Lieber na Jack Kirby. Daktari mmoja mlemavu wa mguu, Donald Blake, yuko Norway, anaingia pangoni, anaokota fimbo, anaigonga chini, na fimbo inakuwa nyundo na yeye anakuwa mungu wa radi. Juu ya nyundo pana maandishi yasemayo kwamba nguvu za Thor ni za yule anayestahili kuishika. Hili ni wazo zuri, na katika maktaba yote ya katuni zile ndilo linalokaribia kile ninachokitafuta. Nguvu haikai mwilini mwa mtu, inakaa mahali, na mtu anaweza kupimwa akaonekana amepungua. Lakini ukiuliza ni nani anayepima, jibu ni Odin, baba yake Thor, aliyekaa juu Asgard. Mungu anapimwa na mungu. Mkulima wa Norway ambaye shamba lake linanyeshewa au kukaushwa na radi ile hana kiti katika baraza hilo.

Hapa ndipo lazima nieleze habari za Lubaga.

Lubaga si mbali na mji wa Tukuyu. Palikuwa na kichaka kitakatifu cha Lwembe, mmoja wa wale mashujaa ambao Wanyakyusa wanasema walikuja kutoka milima ya Ukinga, vizazi vingi vilivyopita, wakileta moto, ng'ombe na chuma. Masimulizi yanasema waliowakuta hapa walikuwa wanakula chakula kibichi. Lwembe hakuwa jina la marehemu tu. Alikuwa pia mtu aliye hai, mrithi baada ya mrithi, ambaye afya yake ndiyo ilikuwa afya ya nchi. Wakinga walikuwa wanateremka kwa safari rasmi kuja kutoa sadaka, wakileta majembe ya chuma waliyoyafua wenyewe. Shujaa mwenziwe Lwembe aliitwa Kyala, naye alikuwa na mahali pake kando ya Ziwa Nyasa.

Mengi ya haya tunayasoma leo katika vitabu vya Monica Wilson, mwanamke wa Afrika Kusini aliyefanya utafiti hapa pamoja na mumewe Godfrey kati ya miaka 1934 na 1938. Kitabu chake juu ya sadaka za nchi kilitoka mwaka 1959, na mwaka huo huo alitoa mhadhara juu ya wafalme watakatifu na pumzi ya watu. Kama unavisoma ukiwa mtu wa hapa, unasoma kwa macho mawili. Jicho moja linaona mambo ambayo bibi yako aliyasema kwa sauti ya chini na kisha akabadilisha mazungumzo. Jicho la pili linaona mgeni akiandika.

Anachokiandika juu ya Lwembe ni hiki. Mtu huyo mtakatifu hakuruhusiwa kufa kama watu wengine. Alipougua ugonjwa wa kumwondoa, makuhani wake walimsonga pumzi. Kabla hajakata roho walimng'oa nywele na kucha, wakavizika kwenye matope ya mto, ili ile nguvu ya kuotesha ibaki nchini isiende naye. Kisha akatafutwa mrithi, na watu wa ukoo ule, kwa kuwa walijua mwisho wake, hawakugombania cheo. Walikiogopa. Kumpata mrithi kulikuwa ni kumkamata.

Soma tena, kisha umfikirie Ororo anayepaa angani na nywele zake nyeupe. Huyu ana nywele za kupeperuka kwenye picha. Yule ana nywele ambazo siku moja zitang'olewa na watu wanaomwabudu.

Siandiki haya kwa kumtamani Lwembe arudi. Nimebatizwa na kulelewa na Wamoravian, na hata kama nisingelelewa nao, sioni sifa katika kumziba pumzi mgonjwa. Ninachosema ni cha mhakiki: kama unataka kumchora mungu aliye miongoni mwa watu, basi Lubaga wamefikiri kwa kina kuliko New York. Waliona kwamba mtu akishaambiwa kuwa mvua iko mwilini mwake, mwili ule si mali yake tena.

Na kulikuwa na upande wa pili, ambao kwangu ni mkubwa zaidi. Wanyakyusa hawakuamini kwamba nguvu yote iko kwa machifu na mashujaa waliokuja na moto. Wale waliokutwa, watu wa kawaida, walikuwa na nguvu yao pia, nayo inaitwa embepo sya bandu, pumzi ya watu, ubaridi wa pumzi ya watu. Chifu akiwa mchoyo, akiwanyima wenzake nyama na bia, mtu akimdharau mkwe au mzazi, wanakijiji wananung'unika, na kule kunung'unika kwenyewe kunamwangukia kama baridi, anapata homa, anapooza, ng'ombe wake hawazai. Hakuna aliyempiga. Watu wamesema tu, majumbani, jioni. Usiku kuna walinzi wa kijiji, abamanga, ambao Wilson aliambiwa kwamba wana chatu tumboni na wanawaona wachawi ndotoni na kupigana nao. Mchawi naye ana chatu. Nguvu ni ile ile. Anayeitumia kujilia peke yake ni mchawi, anayeitumia kwa ajili ya kijiji ni mlinzi, na wakuu wa wenyeji, amafumu, ndio walioongoza ulinzi huo.

Hiyo ndiyo sehemu iliyompendeza mjukuu wangu. Mtoto huyu anaishi Dar es Salaam, anachora kwa kompyuta, na kwa muda sasa amekuwa akitengeneza kitabu cha katuni kuhusu Lwembe. Alinitumia kurasa kumi na mbili kwa simu, na ujumbe: "Babu, zisome uniseme kama Mnyakyusa, usinisifie." Nikazisoma. Mchoro ni mzuri, milima ameijua, hata ile namna ukungu unavyoshuka Kiejo jioni ameipata. Lwembe wake ni kijana mrefu mwenye misuli, ana vazi la ngozi, macho yanatoa mwanga, ananyosha mkono na mvua inakuja. Abamanga ni kikosi chake, kila mmoja na chatu wake. Adui ni Mbasi, anatema moto.

Nilimjibu kwa barua ndefu, na sehemu ya makala hii imetoka katika barua ile. Kwanza nilimwambia juu ya Mbasi. Leo kanisani jina hilo ni la Shetani, na ndiyo maana limemjia kirahisi. Lakini zamani Mbasi hakuwa mkuu wa ubaya wote, alikuwa mmoja wa wenye nguvu wa hapa ambaye jina lake lilichukuliwa likapewa kazi hiyo. Jina la Kyala lilichukuliwa vile vile likapewa kazi iliyo kinyume. Wamisionari walipofika mwaka 1891, Wamoravian wakajenga Rungwe na wale wa Berlin upande wa mashariki, walihitaji neno la Kinyakyusa la kumwita Mungu Mwenyezi, wakachukua Kyala. Monica Wilson alishikilia kwamba kabla ya hapo Kyala alikuwa shujaa mwenzake Lwembe, si muumba aliyeko mbinguni. Baba yangu alikuwa akianza kila sala kwa jina hilo, na mimi nikisali kwa lugha ya mama yangu sina jingine. Basi katika nchi moja, katika muda wa maisha ya mtu mmoja, mashujaa watatu waligawanyika: mmoja akawa Mungu, mmoja akawa Shetani, na wa tatu, Lwembe, akabaki bila kazi. Nikamwambia mjukuu wangu, hiyo ndiyo hadithi ambayo Marvel hawawezi kuibuni hata wakilipwa, nawe umeiacha ukachora watu wanaotemeana moto.

Pili nilimuuliza juu ya mvua. Tukuyu hupata zaidi ya milimita 2,000 za mvua kwa mwaka. Katika kurasa zake ardhi imepasuka kama ile ya Dodoma mwezi wa Oktoba. Hiyo ameitoa kwa Ororo, hakuitoa kwa bibi zake. Kwa watu wa katuni Afrika ni kavu, kwa hiyo mungu wa Afrika lazima aanze na ukame. Huku kwetu jambo halikuwa kuwa na mvua au kutokuwa nayo. Lilikuwa kipimo chake: ije kwa wakati, isioze maharage, isishushe mlima juu ya nyumba. Mungu wa mvua katika nchi ya mvua ni mtu mwenye kazi ngumu zaidi, kwa sababu watu wanaijua mvua yenyewe na hawadanganyiki na radi.

Tatu, na hapa nilikuwa mkali, nilimwambia kwamba wanakijiji wake hawasemi kitu. Katika kurasa kumi na mbili wamesema mara mbili, na mara zote mbili wamesema "Tuokoe!" Nikamkumbusha Kasitile. Huyu alikuwa mnyeshamvua, mzee aliyezungumza sana na akina Wilson, na ndiye mtu anayebaki akilini ukishafunga kitabu. Kasitile hana macho ya mwanga. Ni mtu mwenye kazi takatifu, anayeugua na kujiuliza nani amemnung'unikia, anayegombana na ndugu, anayejua kwamba sadaka haitafika kitu kama wahusika wamekaa na hasira vifuani. Maana sharti la sadaka lilikuwa kwanza kusema. Kila mtu atoe lililomo moyoni, amtamkie mwenziwe usoni kwamba ulininyima, ulinitukana, kisha apulize maji kinywani kwa kumaanisha kuwa limetoka. Bila hivyo ng'ombe amechinjwa bure.

Fikiria katuni ambayo pambano lake kuu si ngumi, ni wazee wanane chini ya mti wakiambiana ukweli, na wote tunajua kwamba wasipoambiana, nchi itakufa. Nimeambiwa kwamba haitauzika. Labda. Lakini Shujaaz ya Kenya ilianza mwaka 2010 kwa kutolewa bure ndani ya gazeti, mashujaa wake ni vijana wa mitaani wasioruka popote, wanaohangaika na kazi na redio, na vijana waliisoma. Msomaji hadai mtu anayeruka. Anadai kwamba kitu kiwe hatarini.

Nisiwadhulumu Wamarekani. Mwaka 1985, katika Uncanny X-Men namba 198, Claremont akiandika na Barry Windsor-Smith akichora, Ororo anarudi Afrika. Safari hii amekwisha kupoteza nguvu zake, hawezi kuita hata manyunyu. Anakutana na mwanamke mjamzito, anamsaidia kufika kijijini na kujifungua, mtoto anatoka bila uhai na Ororo anampulizia pumzi yake mpaka analia. Kijiji kile kina shida ya ardhi iliyochoka na vinywa vilivyozidi. Mzee mmoja anakufa kwa hiari yake, ili anayekuja apate nafasi. Nilipofika ukurasa ule niliweka kitabu mezani. Bila shaka mwandishi hakuwa na habari za Lubaga, lakini alikuwa amegonga mlango wake. Pumzi ya mtu, mwili wa mzee, uhai wa nchi, vyote vimo.

Hata hivyo angalia tofauti moja. Mzee wa katuni anakubali. Anakufa kwa utulivu, uso wake umechorwa vizuri sana, na hakuna mkono wa mtu uliomgusa. Claremont ametupa sadaka akaiondolea aibu. Lubaga aibu ilikuwepo: makuhani walijua wanachokifanya, mrithi alijua kitakachomfika, na wale waliokula mahindi ya mwaka uliofuata walijua yameoteshwa na nini. Sitaki mtu yeyote afanyiwe hivyo. Lakini sanaa inayotaka kutuambia habari za miungu haina ruhusa ya kuruka pale, kwa sababu pale ndipo watu walipokuwa wanauliza swali lao gumu, kwamba je, ni haki mtu mmoja abebe mvua ya wote.

Fasihi yetu iliwahi kuliuliza. Ebrahim Hussein, katika tamthilia yake ya Kinjeketile ya mwaka 1969, alimchukua Kinjeketile Ngwale wa vita vya Maji Maji, mtu aliyesemwa kuwa amepandwa na Hongo, aliyewapa watu maji ya kugeuza risasi, na akamwonyesha akitazama neno lake mwenyewe likikua hadi kumzidi. Watu wamelishika, hawamrudishii. Akisema sasa kwamba maji hayana kitu, atawaua kwa njia nyingine. Pale pana mungu wa kweli wa jukwaani, kwa sababu waumini wake wana nguvu juu yake kuliko yeye aliyo nayo juu yao. Weka karibu na hapo yule Profesa mwenye kipara anayemwambia Ororo wewe si mungu, na Ororo anayejibu, kwa maana, basi twende. Maneno yale yale angeambiwa Kinjeketile, umati ungesimama katikati.

Hilo ndilo kosa la kurasa za mwaka 1975, na ni kosa la ufundi kabla ya kuwa kosa la siasa. Xavier hamuulizi mtu mwingine pale uwandani isipokuwa mungu mwenyewe. Anadhani uungu ni maelezo juu ya mwili wa Ororo, yawe sahihi au si sahihi, kama daktari anayerekebisha cheti. Hajui kwamba uungu ni mapatano, na kwamba upande wa pili wa mapatano umesimama pale kwenye tope jipya, umelowa, na haujaulizwa. Wamisionari wa 1891, pamoja na mengi ninayoweza kuwalaumu, hawakufanya wepesi huo. Walikaa. Walijifunza lugha, walijenga shule, walizikwa hapa, walibishana na watu miaka na miaka juu ya neno moja. Mungu waliyemleta alidaiwa na babu zetu tangu siku ya kwanza, mvua na watoto na afya ya ng'ombe, na alidaiwa kwa jina la zamani.

Mjukuu wangu alikaa kimya majuma matatu baada ya barua ile, nikadhani amekasirika. Kisha akatuma ukurasa mmoja. Lwembe hayumo. Ni Wakinga tu wanateremka mlimani katika mvua, majembe begani, na mbele yao nyumba za kijiji, na watu wamesimama milangoni wanawatazama bila kusema. Chini yake ameandika kwamba amekwama: pumzi ya watu ataichoraje? Akiweka rangi itaonekana kama uchawi wa sinema, akiacha wazi hakuna atakayejua kwamba ipo.

Nimemjibu aje mwezi wa Julai, alale hapa, aamke saa kumi na mbili asubuhi na kwenda kituoni wanakopandia magari ya Mbeya, akawatazame watu wanaosubiri wakizungumza.